Mzae, Tata Si Mgeni: Kesi ya Shamba Iwe na Kila Mtu Aliye Shambani

Wasee, leo sina vichekesho. Wenye mmezoea kuja hapa kucheka, mtanisamehe, mrudi wikendi. Leo naongea kuhusu shamba la guka wangu, na ninajua nikimaliza kuandika hii, kuna watu kwetu hawataniita kwa harusi. Sawa tu. Kuna mambo ukinyamaza unakuwa umesaini.

Sitataja mahakama, sitataja mawakili, sitataja namba ya kesi. Nitataja tu kilichofanyika, kwa sababu najua kinafanyika kwenu pia. Kama una shamba ushago lenye majina mengi kwa taito moja, soma hadi mwisho.

Hadithi iko hivi. Guka alikuwa na ekari tano Murang'a. Mwaka 1996 akaenda akaandikisha shamba kwa majina ya wanawe wanne wa kiume: baba mkubwa, mzae wangu, ankal wa tatu, na baba mdogo. Kila mmoja fungu sawa, lakini taito ni moja na shamba halijakatwa. Binti yake mmoja tu, shangazi yangu ambaye sisi tunamwita Tata, hakuandikwa. Mnajua enzi hizo. Msichana ataolewa, ardhi atapata huko.

Tata akaolewa, na ndoa ikamshinda. Mwaka 2004 akarudi nyumbani na watoto wawili. Guka mwenyewe, akiwa hai na akili zake timamu, akamjengea nyumba ya mbao, akampimia kama robo ekari kwa hatua za miguu, na akapanda matoka kwa mpaka. Kama wewe ni wa upande ule unajua matoka ni nini. Hayo maua hayapandwi kupendeza. Mzee akipanda itoka ametamka neno. Guka alifariki 2012. Matoka bado yako.

Ankal wa tatu naye, mwaka 2010, aliuza nusu ekari kutoka kwa fungu lake. Aliyenunua ni mwalimu, siku hizi amestaafu. Wakaandikiana mbele ya mzee wa kijiji, guka akiwepo, ndugu wote wakiwepo, mbuzi akachinjwa. Mzae wangu alikula hiyo mbuzi. Mwalimu akajenga, akapanda maparachichi, na hadi leo anauza kwa wale wanunuzi wa kupeleka nje. Ankal akafa 2017, akaacha mke na watoto watatu.

Sasa njoo 2022. Baba mkubwa anaenda kortini kuomba shamba ligawanywe. Anawashtaki nani? Mzae wangu na baba mdogo. Basi. Baba mdogo yuko Qatar anafanya kazi ya ulinzi, yeye alisema tu, "Mkikubaliana, mimi niko sawa." Mzae wangu na baba mkubwa wanakunywa chai pamoja kila Jumapili. Hii ni kesi ambayo mdai na wadaiwa hawana ugomvi hata wa jogoo. Muda si mrefu wakaandika makubaliano wapeleke kwa jaji ayapitishe: shamba likatwe mara tatu.

Mara tatu, wasee. Ndugu walikuwa wanne.

Piga hesabu. Ekari tano kwa wanne ni ekari moja na robo kila mmoja. Ekari tano kwa watatu ni ekari moja na zaidi ya nusu. Kila ndugu aliye hai anaongeza karibu nusu ekari. Hiyo nusu inatoka wapi? Inatoka kwa mjane, kwa mwalimu, na kwa jiko la Tata.

Sisemi jiko kwa mafumbo. Saveya alikuja 2023 na vigingi vyenye rangi nyekundu. Kigingi kimoja kikaingia ardhini hatua mbili kutoka kwa mlango wa jiko la Tata. Hivyo ndivyo alivyojua kuna kesi. Hakuletewa barua wala hakupigiwa simu. Aliamka kuwasha moto akapata kigingi.

"Hawa si sehemu ya kesi"

Tata, mjane na mwalimu wakachanga pesa, wakatafuta wakili, wakaomba mahakama iwaunganishe kwenye kesi. Hilo tu. Hawakuomba wapewe shamba. Waliomba waruhusiwe kuingia mlangoni waseme neno lao kabla shamba halijakatwa.

Mzae wangu akapinga. Akaapa kwa hati ya kiapo kwamba Tata anakaa pale kama mgeni tu wa familia.

Mgeni. Wahenga walisema mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Tata ameshika hilo jembe miaka zaidi ya ishirini. Mahindi tuliyobebewa kila Agosti kwa gunia, yakapandishwa matatu hadi Nairobi tukala, yalitoka kwa hilo jembe la mgeni. Mimi nimelala kwa nyumba yake kila Desemba tangu nikiwa na miaka mitano. Shosho aliuguzwa na kufia kwa nyumba hiyo. Kama Tata ni mgeni, basi sisi wengine ambao huenda huko na begi la mgongoni na kurudi Januari mbili ni watalii.

Nilimuuliza mzae ana kwa ana. Akaniambia, "Wewe hujui sheria. Hao si sehemu ya kesi. Wanataka kuchelewesha mambo." Nikasema sawa, sijui sheria, wacha nikaisome. Nimesoma. Nimeongea na watu wanaojua. Na nimerudi nikiwa na hasira zaidi ya nilivyoenda.

Sheria yenyewe inasemaje

Kanuni za mwenendo wa kesi za madai za mwaka 2010, Agizo la 1, kanuni ya 10, zinampa jaji uwezo wa kumwongeza mtu kwenye kesi wakati wowote kesi ikiendelea. Anaweza kufanya hivyo akiombwa, na anaweza kufanya hivyo bila kuombwa na yeyote. Anaangalia nini? Kama mtu huyo alistahili kuwa ndani tangu mwanzo, ama kama uwepo wake unahitajika ili maswali yote ya kesi yamalizwe kikamilifu. Maswali yote. Si maswali ambayo ndugu wawili wameamua kuyauliza wakinywa chai.

Mwaka 2016 Mahakama ya Juu, katika ile kesi ya Muruatetu iliyokuja kujulikana kwa mambo ya hukumu ya kifo, iliweka vipimo vya mtu anayetaka kuingia kama mhusika mwenye maslahi. Kwanza, awe na maslahi yake mwenyewe kwenye jambo, yanayoonekana wazi na yaliyo karibu, si umbea. Pili, aonyeshe ataumia vipi akiachwa nje. Tatu, aeleze hoja atakazoleta, na zisiwe marudio ya yale wengine wanasema tayari.

Haya, tupime. Tata: nyumba yake iko juu ya hiyo ardhi, atabomolewa, na hakuna mtu ndani ya kesi anayesema neno moja kwa niaba yake. Mwalimu: nyumba, miparachichi na nusu ekari aliyolipia. Mjane: robo nzima ya shamba imeyeyuka kwenye karatasi. Hawa watatu wamepita vipimo vyote. Kusema kweli wana maslahi kuliko mimi, na mimi ndiye nitarithi.

Kuna kitu kingine watu huchanganya, na hata mimi nilichanganya. Kwa lugha ya mahakama, "mtu wa tatu" ana maana yake maalum. Ni pale mshtakiwa anasema: mkinishika na deni hili, kuna mwingine anayepaswa kunilipia, mleteni. Hiyo iko kanuni ya 15 ya Agizo hilo hilo. Mfano, mwalimu angeshtakiwa aondoke, angeweza kuomba mirathi ya ankal iletwe, maana ankal ndiye alipokea pesa. Lakini Tata na wenzake hawajaja kulipia mtu deni. Wamekuja kwa sababu kesi inagawanya kitu wanachokalia. Kwa hivyo ukisikia wakili akisema "hakuna madai dhidi yao, wanatafuta nini hapa," jua anacheza na maneno. Kigingi kikiingia jikoni mwako, hayo ndiyo madai dhidi yako.

Marehemu hajatoka kwa taito

Hii ya mjane ndiyo imenichoma zaidi, kwa sababu hapo hata mtoto wa darasa la nane angeona.

Umiliki wa pamoja uko wa aina mbili. Kuna ule ambao mmoja akifa, sehemu yake inaenda kwa waliobaki moja kwa moja. Na kuna ule ambao kila mtu ana fungu lake, na akifa fungu lake linaingia kwenye mirathi yake, linaenda kwa mkewe na watoto wake. Sheria ya Usajili wa Ardhi ya 2012, kifungu cha 91, imeeleza yote mawili. Taito ya guka ni ya aina ya pili. Imeandikwa mafungu sawa. Nimeiona kwa macho yangu.

Kwa hivyo ankal alipokufa, fungu lake halikuruka likamwangukia baba mkubwa. Liko pale linamngoja msimamizi wa mirathi. Na huwezi kumshtaki maiti, hilo linajulikana. Njia ilikuwa rahisi: familia impeleke mjane achukue barua za usimamizi, hata zile za muda za kumwakilisha marehemu kwenye kesi, halafu awe mhusika. Badala yake waliruka jina lake kana kwamba guka alizaa watatu.

Baba mkubwa anasema, "Lakini yeye aliuza sehemu yake." Aliuza nusu ekari. Alikuwa na ekari moja na robo. Robo tatu ya ekari imeenda wapi? Na kama kweli anaamini ankal aliuza, basi anakubali mwalimu alinunua. Mbona basi mwalimu pia hayuko kwa kesi? Huwezi kumtumia mwalimu kumfukuza mjane, halafu umfukuze mwalimu kwa kusema hakununua chochote. Chagua moja, baba mkubwa. Kwa heshima zote, chagua moja.

Mwalimu anaweza kushindwa, na bado anastahili kusikizwa

Sasa wacha niwe mkweli, kwa sababu siko hapa kudanganya mtu. Mwalimu ana shida kwenye karatasi zake. Ardhi ya kilimo ikiuzwa inahitaji idhini ya bodi ya ardhi, na hakwenda. Sheria ya hiyo bodi ni ya zamani na ni kali, inasema bila idhini mauzo hayana nguvu. Wakili wa baba mkubwa ameshikilia hapo kama kupe.

Lakini Mahakama ya Rufaa, mwaka 2014 na tena 2018, imesema kuna wakati muuzaji akipokea pesa zako, akakupa shamba, ukajenga ukakaa akikutazama, hawezi kugeuka baadaye akajificha nyuma ya kukosa idhini. Haki inamfunga kama mtu anayekushikia kitu chako. Je, kesi ya mwalimu iko hivyo? Sijui jaji atasemaje. Pengine atashindwa. Lakini hilo ni swali la kujibiwa baada ya mwalimu kutoa ushahidi wake, akileta makubaliano yake na wale walioona mbuzi akichinjwa. Kuunganishwa kwenye kesi si kushinda kesi. Ni kupewa kiti.

Tata pia ni hivyo hivyo. Mzae anasema jina lake haliko kwa taito, basi amekwisha. Kifungu cha 28 cha ile sheria ya 2012 kinasema kuna haki zinazoifunga ardhi hata kama hazijaandikwa kwa taito, na moja ya hizo ni amana ya kimila. Mwaka 2018 Mahakama ya Juu, katika kesi ya Kiebia dhidi ya M'lintari, ilisema wazi kwamba ardhi ya familia ikiandikishwa kwa jina la mmoja, huyo mmoja anaweza kuwa anawashikia wengine. Unaangalia ardhi ilitoka wapi, mdai ana uhusiano gani wa familia, kwa nini jina lake halikuandikwa. Soma hayo halafu ufikirie Tata, binti ya mwenye shamba, ambaye kosa lake ni kwamba 1996 alikuwa mwanamke.

Na kama mnadhani mahakama bado zinawaza kama 1996, angalieni kesi ya Rono, Mahakama ya Rufaa, 2005. Huko chini wavulana walikuwa wamepewa ekari 30 kila mmoja na wasichana ekari 5, sababu ikiwa kwamba wasichana wataolewa. Mahakama ya Rufaa ikasema hapana, ikawaweka sawa. Hiyo ilikuwa kabla hata ya Katiba ya 2010, ambayo kifungu cha 60 kinasema ubaguzi wa kijinsia kwenye mambo ya ardhi uondolewe. Ile ilikuwa kesi ya mirathi, najua, na ya Tata ni tofauti kidogo. Lakini sababu ya kumwacha nje ni ile ile iliyooza.

"Mnachelewesha kesi"

Hoja ya mzae iliyo na uzito ni hii, na sitaificha. Anasema: kesi za ardhi Kenya zinazeeka. Kila mtu akiruhusiwa kuingia, wajukuu ndio watapata hukumu. Na ni kweli kuna watu huingia kwa kesi za wenyewe kuvuruga tu. Binamu wa mbali anajitokeza siku ya hukumu na ombi la kuunganishwa, kila kitu kinaanza upya, jaji anahamishwa, faili linapotea, miaka kumi imeenda. Nimeona. Nyote mmeona.

Lakini ndiyo maana kuna vile vipimo vitatu. Binamu wa kuvuruga atashindwa kuonyesha ataumia vipi. Jaji pia anaweza kumruhusu mtu aingie kwa masharti: leta hati zako kwa siku kadhaa, usirudie ushahidi uliokwisha kutolewa, lipa gharama za kuchelewesha. Mlango unaweza kuwa na bawabu. Haimaanishi uzibwe kwa matofali.

Na tuongee ukweli kuhusu nani amechelewesha nini. Kama baba mkubwa angewataja hawa watu watatu siku ya kwanza, 2022, leo wangekuwa wametoa ushahidi wao zamani. Aliyewaficha ndiye aliyechelewesha. Huwezi kumfungia mtu nje halafu ulalamike anagonga mlango kwa kelele.

Wakili wao amesoma pia kanuni ya 9, inayosema kesi haifi kwa sababu tu mhusika fulani ameachwa nje. Ni kweli, haifi. Lakini hukumu inawafunga walio ndani ya kesi. Aliye nje atakuja kesho na kesi yake: kuomba hukumu ipitiwe upya, kuomba zuio, kufungua kesi mpya ya amana, mirathi kwa upande mwingine. Ekari tano, kesi nne, mawakili wanane. Mnaita hiyo haraka? Ukitaka kesi iishe mara moja, ita kila mtu mara moja.

Kuna wale watasema, "Si Tata afungue kesi yake mwenyewe?" Afungue, halafu? Jaji mmoja aseme jiko ni la baba mkubwa, mwingine aseme jiko ni la Tata? Udongo ni mmoja. Hauwezi kutii hukumu mbili.

Na mwaniambie kitu kimoja. Sheria hiyo ya 2012, kifungu cha 94, hata pale mgawanyo unapofanywa na msajili wa ardhi mezani kwake tu bila kesi, inamtaka aangalie kama mwenza na wategemezi wa anayeomba hawatabaki bila makao. Msajili anatakiwa kuuliza nani atabaki bila paa. Iweje ndugu watatu waende mbele ya jaji, mahali pa kuuliza maswali mengi zaidi, na swali hilo lisiulizwe kwa sababu wenye kujibu wamefungiwa nje?

Kwa nini hii ni shida yetu

Najua kuna mtu anasoma hapa akisema, hayo ni mambo ya wazee, mimi niko Umoja kwa bedsita nahangaika na kodi. Sikiza.

Wazee wetu wanagawana mashamba sasa hivi. Wakifanya vibaya, watakufa na kutuachia kesi. Watoto wa Tata ni binamu zangu. Mmoja tulisoma naye, tulikula ugali sahani moja. Sasa hivi hajibu simu zangu, na simlaumu, kwa sababu jina la ukoo lililo kwa ile hati ya kiapo ndilo jina langu. Hiyo robo ekari ambayo mzae anasema anatupigania sisi watoto wake, mimi sijamtuma. Sitajenga juu ya jiko la mwanamke aliyenifunga kamba za viatu.

Na wewe unayenunua ploti. Wengi wetu tunachanga kwa chama, tunanunua hamsini kwa mia kutoka kwa "ndugu mmoja wa familia fulani" kwa sababu bei ni poa. Ukifanya sachi ukaona majina manne kwa taito, usilipe jina moja. Uliza wengine wako wapi, wote wasaini, nenda bodi ya ardhi, uliza kama kuna kesi. Sheria ya sasa inataka mwenye fungu asiuze kwa mtu wa nje bila idhini ya maandishi ya wenzake. Mwalimu alidhani mbuzi inatosha. Mbuzi haitoshi tena.

Kama tayari uko kwa shamba na ukaona vigingi vya rangi, usikae ukilia. Nenda usajili wa mahakama, uliza kesi, soma faili. Weka ombi la kuunganishwa mapema, kabla ya hukumu, kwa sababu baada ya hukumu mlango unakuwa mwembamba sana. Andika wazi mambo matatu: maslahi yako ni yapi, utaumia vipi, utaleta hoja gani mpya. Beba makubaliano, risiti, picha, majina ya majirani walioona. Kama huna pesa za wakili, kuna msaada wa kisheria, na unaweza kuandika mwenyewe. Na kama mnaweza kukaa chini mbele ya mpatanishi, kaeni, Katiba kifungu cha 159 inaruhusu na kuhimiza. Lakini pia hapo, kila aliye shambani awe kwenye meza.

Na wewe mwenye jina kwa taito, nenda nyumbani wikendi hii uulize swali moja: kwa kesi yetu, nani hayuko? Utaona vile watu watakohoa.

Kwa mzae

Baba, najua utaonyeshwa hii na mtu. Sijaiandika kukuaibisha. Wewe ndiye ulinifundisha kutoa kiti nikiona mtu mzima amesimama kwa matatu. Tata amesimama tangu 2023.

Uamuzi wa ombi lao bado haujasomwa. Uko na muda. Unaweza kuondoa ile hati ya kiapo. Unaweza kumwambia wakili wako neno moja, "hatupingi," na ombi likapita bila vita, halafu jaji aamue nani apate nini baada ya kuwasikiza wote. Pengine bado utapata sehemu yako yote. Pengine Tata atashindwa. Akishindwa akiwa ndani ya chumba, amesikizwa, nitakuja na wewe shambani na nitashika upande mmoja wa kamba ya saveya.

Lakini kama atafukuzwa kwa karatasi ambayo jina lake halimo, usiniandikie ekari yoyote. Niache pia mimi nje ya kesi.

Nitakuwa ushago mwezi wa Desemba kama kawaida. Nitalala kwa Tata.